Mkono wa Mjomba

4 Februari

Dada, shikamoo.

Pokea kifurushi hiki kwa mikono miwili. Ndani mna kadi mbili za kamera na heshima yangu yote. Usinipigie simu. Simu ndiyo kamera, na laini nimeichomoa tangu ile siku shemeji alipopiga katikati ya kilio cha mjane, na mjane mwenyewe akaangua kicheko. Tutaandikiana, na barua zitasafiri pamoja na kadi.

Filamu mpya inaitwa *Mzee wa Barafu*. Tajiri mwenye roho mbaya anatekwa na wafanyakazi aliowadhulumu, wanamfungia ndani ya friza bovu mpaka atubu. Tajiri ni Mjomba, nani mwingine? Friza ninalo. Karakana yangu ina friji kumi na nne zilizokufa na moja inayokata roho. Taa ni ya pikipiki ya muuza maziwa. Kamera imefungwa juu ya ngazi. Damu amepika Kinyozi: unga wa ngano, sukari na rangi ya keki.

Unakumbuka wale wa kampuni kubwa ya picha walivyotuambia mwaka juzi, pale ghorofani kwao? "Hamna leseni, hamna taa, hamna sura." Basi leo pita mtaani. Kinyozi ana filamu, fundi cherehani ana filamu, hata mchimba makaburi ana filamu, tena ya mapenzi. Tunarekodi Jumapili, Jumatano inauzwa kwenye flashi, na kile chumba nyuma ya kinyozi kinajaa watu mpaka ukuta unatoa jasho. Hakuna aliyetupa ruhusa na hakuna tuliyemwomba. Sasa wao wenyewe wametuma mtu kuulizia. Umenisikia? Wametuma mtu.

Wewe kata na uunge kama kawaida yako. Ukimaliza nitukane, lakini kwa ufupi.

Mjomba anakusalimu. Anasema usimkate akiwa anaongea, maana safari iliyopita ulimbakizia kikohozi tu.

Mdogo wako,
Fundi Friji


11 Februari

Fundi, marahaba.

Kifurushi chako kilijitangaza kabla sijakifuata. Karani wa vifurushi alinipigia akasema niwahi, kuna kitu kimefia ndani. Nani aliyezifunga kadi kwa kitambaa cha kupangusia damu? Damu yenu imechacha. Imetoa povu, imevuta sisimizi, na mteja aliyekuja kutoa fotokopi ya cheti cha ndoa akanong'ona, "Dada, siku hizi unapika pombe?" Nilikubali. Pombe ina heshima kidogo.

Nimetazama saa ya chakula, na chakula nikakirudisha kwenye bakuli. Kinyozi analia huku anaficha meno, kwa sababu anacheka. Mtekaji wa pili ana bei kwenye soli ya kiatu. Mwigizaji wenu bora ni yule nzi wa dirishani. Hajaitazama kamera hata mara moja.

Mjomba, afadhali. Yule mzee ana uso. Nilikumbuka filamu yetu ya kwanza, alipokuwa maiti, nzi akamwingia puani naye akainua mkono kama sheria yetu inavyotaka: anayeshindwa ainue mkono, na kamera izimwe, hata kama ni maiti. Ukachelewa kuzima, na watu walipoiona maiti imenyoosha mkono wakatoka na mlango wa Kinyozi ukiwa shingoni. Nilicheka wiki nzima. Lakini usisahau kwamba sheria ile aliitunga mwenyewe kwa ajili ya pumu yake.

Sasa huko kutekwa ndiko kulikonichefua. Mikono imefungwa kwa mtandio wa Mama, legelege, kama mtu anayesubiri chai. Nani ataamini? Kama mmemteka, mtekeni. Mimi kazi yangu ni kukata, siwezi kuwakazia kamba kutoka huku.

Msalimie Mama. Mwambie sijasahau kwamba yeye na mumewe, Mjomba, walitulea wawili, yatima wa watu, kwa cherehani moja.

Dada yako wa Fotokopi


21 Februari

Dada, shikamoo.

Umesema kweli, na umesema kwa ukali, yote mawili kama kawaida yako. Mtandio nimemrudishia mwenyewe. Juzi kwenye mazoezi nilichukua waya wa shaba wa kompresa, nikaupitisha nyuma ya mgongo wa Mjomba, nikakaza kwa koleo. Akasema, "We mtoto, utajiri wangu ni wa kwenye picha, lakini mikono ni yangu." Tulicheka mpaka Kinyozi akapiga teke ndoo ya damu. Sasa anaonekana ametekwa. Ungemwona ungelia.

Friza linanuka, sikufichi. Nililipata kwa muuza nyama aliyekatikiwa umeme wiki nzima. Nimelisugua kwa sabuni na majivu mara tatu, lakini harufu imehamia kwenye mpira wa mfuniko na haina nia ya kuhama tena. Mama akinusa shati la Mjomba anamfukuzia nje na kiti chake. Mjomba anasema miaka thelathini na nane ya ndoa, na anayekuja kuwaachanisha ni ng'ombe aliyekwisha kufa.

Yule mtu wa kampuni kubwa alikuja. Alikaa na leso puani muda wote. Akatazama dakika kumi, akasema, "Vichekesho vizuri. Lakini sioni kitu halisi. Nileteeni kitu halisi." Tangu siku hiyo, Dada, hata nikiwa kazini nalirudia hilo. Kitu halisi. Kana kwamba friza hili nililichora.

Jumamosi tunarekodi onyesho la mwisho, tajiri anatubu. Kipande kimoja, bila kusimamisha kamera. Wa ghorofani wafurahi.

Mdogo wako,
Fundi


9 Machi

Dada mpenzi, shikamoo.

Tangu uondoke baada ya mazishi, Mama hajatoka ndani. Hashoni. Anakaa mbele ya cherehani kama mtu anayengoja mteja.

Najua pale makaburini hukunisikiliza vizuri, kwa hiyo narudia. Tulikuwa tumeshamaliza kazi. Mjomba alikuwa amenawa, amekaa kwenye benchi, anatania. Kifua kikambana. Dawa yake ya kuvuta ilikuwa kwenye koti, koti liko msumarini, na mpaka tuipate hakuwa na nguvu ya kuivuta. Tulipofika kwa daktari alikuwa ametutoka. Zile alama za mikononi ambazo Mama alikuuliza ni za mazoezi. Ngozi ya mzee haisahau haraka.

Sasa pokea jambo la kutufuta machozi. Yule mtu wa kampuni alikuja kutoa pole. Nilimwonyesha kipande cha mwisho kwenye simu, bila sauti. Dada, alitoa leso puani. Akakitazama tena, akapiga picha ya uso wa Mjomba pale kwenye kioo. Akasema hajawahi kuona uigizaji wa namna hiyo, hata kwa wale wanaosomea. Wanataka kuionyesha filamu mwisho wa mwezi kwenye ukumbi wao, ule wenye viti vya kukunja. Mwanzoni tutaandika: *Kwa kumbukumbu ya Mjomba.* Mama atakaa mstari wa mbele. Nimeshamwambia, na hilo tu ndilo lililomfanya aoge.

Ombi moja. Kadi ya saba, kipande cha nne, futa sauti yote uweke muziki wa huzuni. Ni kelele za barabarani tu. Usijisumbue kuisikiliza.

Mdogo wako katika msiba,
Fundi


15 Machi

Fundi,

Mtu akikuambia usijisumbue kusikiliza, masikio hayangoji mwaliko mwingine.

Nimekitazama kipande cha nne mara tatu. Mara ya kwanza, bila sauti, nilisema moyoni: mwanga umekaa vizuri. Mara ya pili nilisema: hatimaye mikono imekazwa. Nakuandikia haya ili ujue anayekuandikia ni mtu wa namna gani. Mara ya tatu nilivaa vile vipokea sauti vya dukani, vyenye nta ya masikio ya watu wa mji mzima, nikasikiliza.

Mjomba anatubu vizuri. "Nisameheni, wanangu, shibe ilinipofusha." Hayo yapo kwenye karatasi, niliyaandika mimi. Kisha anasema, "Fundi." Hilo sikuliandika. Tajiri wa kwenye picha hamjui Fundi yeyote. Anasema tena, kwa pumzi ya filimbi iliyopasuka. Halafu kisigino kinapiga bati la friza. Kinapiga, kinatulia, kinapiga.

Kinyozi anauliza, "Mbona hii haikuwepo?"

Na wewe unajibu, kwa sauti ile ya kumnyamazishia mbwa: "Mwacheni. Leo amekuwa mtu. Asimguse mtu."

Toka hapo ni dakika mbili na sekunde arobaini. Kompyuta inahesabu yenyewe pale chini, kwa tarakimu za kijani, haina haya.

Wakati wote huo bega lake la kulia linapanda na kushuka. Mara mbili za kwanza nilidhani anapambana na waya, nikakusifu. Fundi, anainua mkono. Anatii sheria yake mwenyewe. Mkono umefungwa nyuma, kwa hiyo kinachofika juu ni bega tu. Tulitunga sheria ya mkono, halafu tukamfunga mikono, na katika kundi zima la watu wenye akili za kuunda taa kwa pikipiki hakupatikana mmoja wa kuliona hilo.

Nimesema tukamfunga. "Kama mmemteka, mtekeni." Barua unayo, mwandiko ni wangu. Niliinamia pipa la karatasi zilizoharibika nikatapika juu ya nakala za vyeti vya watu, na mteja aliyekuwa kaunta akanipa pole ya mimba.

Hakunawa. Hakukaa kwenye benchi. Hakutania.

Tulijisifu kwamba sisi si wale wa ghorofani. Wao wanauza sura, sisi tunauza ukweli. Haya, ukweli tumeupata, na harufu yake haitoki kwa sabuni wala majivu. Yule mtu wako ametoa leso puani mbele ya kitu pekee hapo karakana kilichostahili kuzibiwa pua.

Muziki sijaweka. Nijibu swali moja tu: ulijua lini?

Dada yako


19 Machi

Dada,

Ni rahisi kuhukumu ukiwa umekaa kwenye kiti. Aliyesimama juu ya ngazi ni mimi. Mjomba alizidisha maisha yake yote. Akipigwa kofi la uongo alikuwa anadondoka mara mbili. Ningejuaje? Sheria inasema mkono. Mkono haukuinuka. Kinyozi alikuwepo, muuza maziwa alikuwepo, wote hawakuona. Na wewe ulitazama mara mbili hukuona.

Hayo ya juu nimeyaandika asubuhi. Sasa ni saa kumi alasiri, nimeyasoma, yananuka kuliko friza.

Alipotaja jina langu nilidhani amesahau maneno. Alipopiga kisigino, nilikumbuka kwamba nimemfunga mikono. Nilikumbuka, Dada. Koleo lilikuwa mfukoni mwangu, linanichoma pajani. Nikamwona kwenye kioo cha simu, uso wote umejaa, nikasema moyoni: bado kidogo. Hivyo tu. Kidogo kikapita, nikasema tena. Kinyozi ndiye aliyeruka mwishowe, nami nikamfokea kwamba ameniharibia.

Sasa umejua. Nakuomba usimwambie Mama. Mangapi yamebaki kwa yule mwanamke? Picha ya Mjomba imeshabandikwa kwenye ukuta wa ukumbi, kubwa kama mlango, majirani wanapita wanaigusa. Mama amekwenda kuiona mara nne. Amekata kitambaa cha gauni. Ukimwambia, utamnyang'anya na hicho. Weka muziki, Dada. Akae mbele, apigiwe makofi, arudi nyumbani. Mimi na wewe tutaendelea na kichefuchefu chetu, tunakiweza.

Mdogo wako


24 Machi

Fundi,

Jumapili nilikuwa huko. Hukuniona kwa sababu sikutaka unione. Nilipita ukumbini kwanza. Kweli ni kubwa kama mlango. Wamemtoa pale pale kwenye kipande cha nne, mdomo wazi, na chini wameandika "Uigizaji wa kutisha". Mwanamke mmoja alikuwa anajipiga picha mbele yake, ameachama vile vile, mwenzake anamwambia, "Kodoa macho zaidi!" Nilitema mate chini. Mlinzi akaniambia hapa si mahali pa kutema. Nikamwambia basi pameshachafuliwa kabla yangu.

Mama alikuwa anashona lile gauni. Nilimwambia yote, nimesimama mlangoni kama mdai. Hakulia. Mguu wake uliendelea kukanyaga cherehani hata kitambaa kilipokwisha, sindano ikawa inatoboa hewa. Aliuliza neno moja: "Mikono ilikuwa mbele au nyuma?"

"Nyuma."

"Bega la kulia lilikuwa bovu," akasema. "Tangu ile siku aliyoanguka paani, anaezeka chumba chenu. Kulinyanyua lilikuwa linamuuma."

Kisha nikamsomea barua zetu. Zako, na zangu kwa nakala nilizobaki nazo dukani. Nilipofika kwenye "mtekeni", akasema, "Rudia." Nikarudia. "Rudia." Nikarudia mpaka neno likawa kama sauti ya mtu mwingine. Nilipomaliza ya kwako, ile ya bado kidogo, akaniambia niweke kadi ya saba mezani. Akaitia kwenye kopo la vifungo, akafunika, akaliweka kopo mapajani.

Nilisema, "Mama." Akasema nisimwite hivyo mpaka atakaponiambia.

Kwa hiyo sina kadi, na kwenye kompyuta nimefuta kila kitu, hata nzi. Wa ghorofani wakitaka kitu halisi, waambie wakutazame wewe usoni, na ukipenda waje dukani wanitazame na mimi.

Amesema atakuandikia mwenyewe.

Dada yako


27 Machi

Fundi,

Yule mtu wa leso alikuja kuitaka kadi. Alikaa kwenye kiti cha mume wangu bila kuambiwa kaa. Akasema kwa filamu hii mzee ataishi milele. Nikamuuliza, mbona mlipokuwa na nafasi ya kumfanya aishi jioni moja tu mlishindwa? Akasema yeye hakuwepo. Nikamwambia basi tuna bahati mbaya, kila ninayemuuliza hakuwepo. Gauni nimelifumua. Kitambaa kitatosha foronya.

Umenidanganya mbele ya kaburi, ukiwa umenishika mkono. Nilikufundisha kufunga vifungo, nikakufundisha kutamka shikamoo, hilo sikukufundisha. Sikuandikii ili ulie. Ukitaka kulia, lia kabla hujafika.

Njoo Jumapili saa nne asubuhi. Njoo na simu yako, iwe na chaji. Njoo na shati alilolivaa siku ile. Najua unalo, kwa sababu mlinirudishia mwili umevalishwa shati lisilo lake. Nitalifua mimi, hata kama halitatakata. Usije na Kinyozi, usije na muziki.

Dada yako nimemwita. Atakaa kushoto kwangu, wewe kulia. Kadi nitaitoa kwenye kopo mbele yenu, uiweke kwenye simu, na sauti uifungue yote. Niliishi naye miaka thelathini na nane, na sasa muuza maziwa anajua alivyoondoka, mimi sijui. Haiwezekani. Tukimaliza, nitaamua nini kifanyike na kadi, na nini kifanyike na ninyi.

Sheria yenu naijua. Aliitunga hapa hapa mezani, dawa yake mkononi, mkamcheka. Nikishindwa, nitainua mkono. Mikono yangu haijafungwa na mtu.

Wewe usitazame picha. Utazame mkono wangu.

Mke wa Mjomba wako